Maswali ya Wasomaji: Familia za Hispania katika Riwaya za Vita vya 1936

Tangu safu hii ilipogusia riwaya za kihistoria zinazosimulia maisha ya familia wakati wa vita vya wenyewe kwa wenyewe vya Hispania, vilivyoanza Julai 1936 na kwisha tarehe 1 Aprili 1939, barua zimekuwa zikitufikia kutoka Mtwara na Lindi, nyingi zikiwa za watu wanaosoma kwa vikundi na kupokezana nakala moja. Tumechagua tano. Majina ya riwaya tumeyaacha, kwa kuwa maswali yenyewe yanaihusu karibu kila riwaya ya aina hii.

SWALI: Sisi ni kikundi cha wasomaji wa Shangani, Mtwara mjini. Riwaya tunayoisoma inahusu ndugu wawili, baba mmoja mama mmoja. Mkubwa anapigana upande wa Jenerali Franco na mdogo upande wa serikali ya Jamhuri. Mwandishi haelezi popote kwamba waligombana. Mwenzetu mmoja, mwalimu mstaafu, anashikilia kwamba jambo hilo halina mashiko, kwa sababu watu waliolelewa nyumba moja hawawezi kugawanyika hivyo bila uhasama wa siku nyingi. Je, ana haki?
– Wasomaji wa Shangani, Mtwara

JIBU: Mfikishieni mwalimu shikamoo yetu, kisha mumwambie kwamba hoja yake ingekuwa na nguvu kama vita hivi vingeanza kwa kila mtu kuchagua upande wake. Havikuanza hivyo. Uasi wa majenerali dhidi ya serikali ya Jamhuri, ambao Franco alikuja kuuongoza, ulizuka tarehe 17 Julai 1936 huko Melilla, mji wa Hispania ulioko pwani ya Afrika Kaskazini, na kesho yake ukaenea bara. Katika siku chache nchi ilikatika vipande: Sevilla, Zaragoza, Burgos, Valladolid na Granada ziliangukia mikononi mwa waasi, ilhali Madrid, Barcelona, Valencia, Bilbao na Málaga zilibaki na serikali. Mpaka huo haukuuliza mtu anaamini nini. Seremala mwanachama wa chama cha wafanyakazi aliyeamkia Zaragoza siku hizo alikuwa na mawili, kunyamaza au kutoroka, na asipofanya moja kati ya hayo alikuwa maiti. Mtoto wa mwenye mashamba aliyekuwa Madrid kwa masomo alikuwa katika hatari ileile kwa upande wa pili. Baadaye pande zote mbili zikaanza kuita vijana jeshini kwa mwaka wa kuzaliwa, na aliyeitwa alivaa sare ya jeshi lililoushika mji wake. Kufikia mwaka 1938 Jamhuri ilikuwa imeishiwa askari kiasi cha kuwaita waliozaliwa mwaka 1920, vijana wa miaka 17 na 18, ambao watu waliwabandika jina la kundi la chupa ya maziwa.

Kwa hiyo, kabla ya kutafuta sababu iliyo moyoni mwa ndugu hao, ulizeni kwanza kila mmoja alikuwa wapi tarehe 18 Julai 1936. Katika historia yenyewe upo mfano ulio wazi kuliko wa riwaya yoyote, nao ni wa washairi Manuel na Antonio Machado, ndugu waliokuwa wameandika tamthilia kadhaa kwa pamoja na ambao hawakuwa na kisasi chochote kati yao. Julai ile Manuel na mkewe walitoka Madrid kwenda Burgos kumtembelea dada wa mkewe, aliyekuwa mtawa. Vita vikawakuta huko, na Burgos ikageuka kuwa makao ya serikali ya waasi. Manuel aliwekwa ndani kwa siku chache, akatoka, akabaki, na akaandika mashairi ya kumsifu Franco. Antonio, aliyekuwa Madrid na mama yao, aliitetea Jamhuri kwa kalamu; alihamishiwa Valencia, kisha Barcelona, na mwishoni mwa Januari 1939 akavuka mpaka wa Ufaransa ndani ya wimbi la wakimbizi wapatao nusu milioni, akiwa mgonjwa, pamoja na mdogo wao José na mama yao aliyepita miaka 80. Alifariki katika mji mdogo wa Collioure tarehe 22 Februari, na siku tatu baadaye mama naye akafa. José alikuta mfukoni mwa koti la marehemu kipande cha karatasi chenye mstari mmoja wa shairi, unaozungumzia siku za buluu na jua la utotoni. Manuel alipata habari za msiba akiwa Burgos, akafunga safari hadi Collioure, na ni huko alikojua kwamba hata mama hayupo. Mwalimu na atafute uhasama wa siku nyingi katika habari hiyo, hatauona.

Hatusemi kwamba imani hazikuwa na kazi. Meja Ricardo de la Puente Bahamonde, binamu yake Franco waliyecheza naye utotoni, alikuwa mkuu wa uwanja wa ndege wa kijeshi karibu na Tetuán, kaskazini mwa Moroko. Aliugomea uasi, akahukumiwa, akapigwa risasi mwanzoni mwa Agosti 1936, na jina kubwa la binamu yake halikumwokoa. Huyo alichagua kwa macho mawili. Lakini watu wa namna yake walikuwa wachache kuliko waliochaguliwa na mahali walipokuwa.

Mkirudi kwenye riwaya yenu, basi, msimdai mwandishi ugomvi. Mdaini jibu la jambo dogo zaidi: yule ndugu mdogo alikuwa mji gani Julai ile, na nini kilimtoa nyumbani? Mwandishi makini hulitia jambo hilo katika kurasa za mwanzo, pengine kwa kisa kisichoonekana kuwa na uzito, kama kibarua cha mavuno, utumishi wa jeshi au safari ya kumuuguza shangazi. Mwandishi mvivu huwapa ndugu hao msichana mmoja wa kugombania, na riwaya ya namna hiyo sisi huifunga mapema. Ingefaa pia mmoja wenu achore ramani ya Hispania kwenye karatasi ya manila, aoneshe mpaka wa mwishoni mwa Julai 1936, kisha auhamishe kadiri sura zinavyosonga: Málaga ikitekwa Februari 1937, Bilbao ikitekwa Juni mwaka huohuo, jeshi la Franco likifika bahari ya Mediterania Aprili 1938 na kuikata Jamhuri pande mbili, Barcelona ikianguka Januari 1939. Barua ambayo kwenye riwaya haifiki, au inayofika kwa ufupi wa maneno machache kupitia Msalaba Mwekundu, mtaielewa mkiitazama ramani hiyo.

SWALI: Katika kitabu changu mama mwenye nyumba ana ubini wake, mumewe ana wake, na watoto wana majina mawili ya ukoo yasiyolingana na ya mzazi yeyote. Je, hawakuwa wamefunga ndoa?
– Msomaji wa Masasi

JIBU: Walifunga. Mhispania hubeba majina mawili ya ukoo, la kwanza la baba na la pili la mama, na mwanamke habadilishi lake akiolewa. Federico García Lorca, mshairi aliyeuawa karibu na Granada Agosti 1936, alikuwa García kwa baba na Lorca kwa mama. Msomaji wa Masasi, ambako mjomba bado anasikilizwa katika mambo ya ukoo, ataona faida yake upesi: upande wa mama haufichiki, na jina la pili la mtu kwenye orodha ya wafungwa linatosha kumjulisha jirani kwamba huyu ni mpwa wa nani.

SWALI: Mimi ni mzee wa Mtanda, Lindi. Nimesoma riwaya mbili za vita hivyo, na katika zote mbili askari Waislamu kutoka Moroko wanaingia kijijini kama jinamizi, wanapora na kuua, kisha wanatoweka. Hawana majina, hawana wazazi, hawasemi neno. Kwa Mwislamu jambo hilo linachoma. Je, ndivyo walivyokuwa, au ni chuki ya waandishi?
– Mzee wa Mtanda, Lindi

JIBU: Shikamoo mzee. Swali lako ndilo tulilolisubiri kwa muda, kwa sababu wasomaji wengi hupita juu ya askari hao bila kusimama.

Hispania ilishika sehemu ya kaskazini ya Moroko kama himaya yake tangu mwaka 1912, na kati ya 1921 na 1926 ilipigana vita vikali na watu wa Rif waliokuwa wakiongozwa na Abd el-Krim. Franco alipandia vyeo huko. Uasi ulipoanza, kikosi cha Afrika ndicho kilichokuwa bora katika jeshi la waasi, ila kilikuwa ng'ambo ya bahari, na mabaharia wa manowari nyingi walikuwa wamekataa kuwafuata maofisa wao. Ndege zilizotumwa na Ujerumani na Italia ndizo zilizovusha maelfu ya askari kutoka Tetuán hadi Sevilla. Katika miaka ile mitatu Wamoroko wapatao 80,000 walipita katika jeshi la Franco. Wengi wao waliletwa na njaa. Mavuno yalikuwa mabaya, na aliyejiandikisha alipewa malipo ya awali pamoja na sukari, mafuta na mkate wa familia. Unaweza kuona, mzee, jinsi sura nzima ya riwaya ingeandikwa juu ya mama wa Rif anayepokea kibaba cha sukari kwa mkono mmoja na kumuaga mwanawe kwa mkono mwingine, akijua kwamba miaka kumi tu iliyopita jeshi hilohilo lilikuwa likiwashambulia kwa mabomu.

Ukatili ulikuwepo, na haufai kufichwa kwa sababu ya dini ya aliyeutenda. Vikosi vilivyoingia Badajoz Agosti 1936, Wamoroko wakiwa pamoja na askari wa Kikosi cha Kigeni cha Hispania, viliua watu wengi baada ya mji kutekwa. Lakini waliotoa amri walikuwa majenerali Wakristo, na mmoja wao, Queipo de Llano, alikuwa akizungumza redioni kutoka Sevilla na kuwatumia Wamoroko kuwatisha wanawake wa upande wa Jamhuri. Mwandishi anayemwonesha askari kijijini na kumwacha jenerali nyuma ya kipaza sauti amesimulia nusu ya tukio, tena nusu iliyo rahisi. Upande wa Jamhuri nao hauna la kujivunia. Mwaka 1936 wazalendo wa Moroko waliiendea wakitaka eneo lao lipewe uhuru, jambo ambalo lingeweza kuwavunja moyo askari wa Franco. Serikali haikukubali, kwa kiasi fulani kwa kuhofia kuiudhi Ufaransa iliyotawala sehemu kubwa ya Moroko, na wakati huohuo mabango ya propaganda yake yakawa yanawachora Wamoroko kama washenzi.

Kwa mtu wa Lindi habari ya Mwafrika kupewa bunduki katika ugomvi wa mabwana wawili haihitaji somo. Mapigano ya Mahiwa ya Oktoba 1917, katika Vita Kuu ya Kwanza, yalikuwa katika mkoa wako, na waliokufa pale, kwa Waingereza na kwa Wajerumani, wengi walikuwa askari weusi ambao vitabu vingi vya vita hiyo vimewataja kwa idadi tu. Ukitaka kumpima mwandishi wa riwaya ya Hispania, tazama kama kuna Mmoroko hata mmoja anayepewa sentensi ya kusema. Wapo waandishi waliofanya hivyo, hasa katika miaka ya karibuni, na kwa maoni yetu riwaya zao zimetulia kuliko zile mbili zilizokuchoma.

SWALI: Riwaya niliyoazimwa inaiweka familia yake Guernica siku ya mabomu, na babu katika hadithi anasema waliokufa ni zaidi ya 1,600. Binti yangu wa kidato cha sita amesoma kwingine kwamba hawakufika 300. Kama mwandishi ameongeza chumvi hapo, nimwamini vipi katika mengine?
– Mama wa Mikindani

JIBU: Tunaona, mama, kwamba mwandishi wako hakuongeza chumvi. Jumatatu ya tarehe 26 Aprili 1937, siku ya gulio, ndege za Kikosi cha Condor cha Ujerumani zikisaidiana na za Italia zilitupa mabomu Guernica, mji wa Wabaski kaskazini mwa Hispania, kwa saa kadhaa, na sehemu kubwa ya mji ikateketea. Siku tatu baadaye mji ukatekwa, kwa hiyo hapakuwa na nafasi ya kuhesabu maiti kwa utulivu. Serikali ya Wabaski ilitangaza vifo 1,654, na watafiti wengi wa baadaye wameishusha idadi hiyo hadi kati ya 150 na 300. Babu aliyeishi wakati ule angeijua idadi ya kwanza. Mwandishi angekosea kama angemtia babu huyo mdomoni hesabu iliyofanywa na watafiti miaka hamsini baadaye.

Uongo wa kweli ulikuwa mwingine. Upande wa Franco ulidai kwamba mji ulichomwa na watetezi wake wenyewe walipokuwa wakirudi nyuma, na dai hilo likarudiwa kwa miaka mingi, ijapokuwa mwandishi wa habari George Steer alifika Guernica usiku uleule na taarifa yake kuhusu mashambulizi ya ndege ikachapishwa na gazeti la The Times tarehe 28 Aprili. Ukikutana na mhusika aliyesomeshwa shule za Franco ambaye anaapa kwamba Guernica ilichomwa na watu wake, usidhani mwandishi amepotoka. Huenda ndiyo sehemu sahihi kuliko zote katika kitabu.

Kwa binti yako, ambaye inaonekana anapenda hesabu: kwa mauaji yaliyofanywa mbali na mapigano, wanahistoria wengi hutaja watu wapatao 50,000 katika eneo la Jamhuri, wakiwamo mapadre na watawa karibu 7,000, na zaidi ya 100,000 mikononi mwa upande wa Franco, wakiwamo waliouawa baada ya vita kwisha. Riwaya yenye padre aliyepigwa risasi kando ya barabara haijawa ya kumtetea Franco kwa sababu hiyo, wala riwaya yenye mwalimu wa shule aliyeuawa na waasi haijawa ya kuwasafisha wote waliokuwa upande wa pili. Asome zote mbili, na ikiwezekana azisome zikifuatana.

SWALI: Vita vinakwisha ukurasa wa 180, lakini kitabu kina kurasa zaidi ya 400. Nikiishia hapo nitakuwa nimekosa nini? Na kwa nini msimulizi wa vitabu hivi mara nyingi ni mjukuu, wakati watoto wa waliopigana wapo?
– Msomaji wa Newala

JIBU: Ukiishia ukurasa wa 180, dada yetu, utakuwa umekosa sehemu ambayo familia nyingi za Hispania ziliiishi kwa muda mrefu zaidi. Tangazo la ushindi wa Franco la tarehe 1 Aprili 1939 halikumrudisha kila mtu nyumbani. Sheria iliyotolewa Februari mwaka huo iliwaadhibu watu kwa mambo ya kisiasa waliyoyafanya tangu Oktoba 1934, yaani kabla vita havijaanza, na adhabu ya mali ingeweza kumfikia mjane na watoto wa mtu aliyekwisha kufa. Noti zilizotolewa na Jamhuri baada ya uasi kuanza zikawa karatasi tupu. Talaka zilizotolewa kwa sheria ya mwaka 1932 ziliweza kubatilishwa, hata mtu aliyekwisha kuoa mara ya pili akaelezwa kwamba mke wake halali ni yule wa kwanza. Mwandishi wa riwaya ya familia hawezi kutamani zawadi kubwa zaidi ya hiyo. Chakula kiligawiwa kwa kadi hadi mwaka 1952, na waliokuwa watu wazima hapa kwetu mwanzoni mwa miaka ya 1980 watazisoma kurasa za foleni na ulanguzi bila kuhitaji maelezo.

Tena wapo waliojificha. Manuel Cortés, kinyozi na meya wa mwisho wa Mijas chini ya Jamhuri, alirudi kijijini kwake kwa siri vita vilipokwisha, akaingia katika nafasi iliyofichwa ukutani, na hakutoka hadharani hadi mwaka 1969, baada ya amri ya serikali kufuta makosa ya wakati wa vita. Ni miaka thelathini. Katika muda huo familia ilihama nyumba, naye akahamishwa usiku akiwa amevaa nguo za bibi kizee. Mkewe Juliana ndiye aliyefanya biashara ya mayai na kulisha nyumba, huku majirani wakimtazama na yeye akijua kwamba sahani ya ziada mezani inaweza kumuua mumewe. Msomaji akikutana na kisa cha namna hiyo katika riwaya huenda akadhani mwandishi amezidisha, kumbe amepunguza.

Kuhusu mjukuu, sababu ipo katika kalenda. Franco alikufa tarehe 20 Novemba 1975, na Oktoba 1977 bunge likapitisha sheria ya msamaha iliyowatoa wafungwa wa kisiasa na papo hapo ikawakinga waliokuwa watesaji wao. Watoto wa 1936 walikuwa wamekua wakiambiwa wasiulize, na wengi walizeeka wakiwa na tabia hiyo. Mlango ulisukumwa Oktoba 2000, pale mwandishi wa habari Emilio Silva alipofukua kaburi kando ya barabara huko Priaranza del Bierzo, mkoa wa León, akimtafuta babu yake aliyeuawa mwaka 1936. Walipatikana watu kumi na watatu, na babu akatambuliwa baadaye kwa kipimo cha vinasaba. Makaburi mengine yakafuata, sheria ya kumbukumbu ikatungwa mwaka 2007, na riwaya zikamiminika katika miaka hiyohiyo, zikisimuliwa na watu wa rika la Silva. Sheria nyingine ya mwaka 2022 imeikabidhi serikali yenyewe kazi ya kuwatafuta waliozikwa hivyo, kwa hiyo usishangae, katika vitabu vitakavyofuata, ukikuta msimulizi ni kitukuu.